Mfalme Aliyekunywa Maji Kabla ya Farasi

Enzi zetu pale kijijini Ngao, kando ya mto Tana, Ulaya ilikuwa vipande vipande, na kila kipande kililala nyumbani kwa mtu. Nawaambia wenzangu mliosoma miaka ile, maana watoto wa siku hizi ukiwasimulia wanakutazama kama umeamka na homa. Shule yetu ilikuwa na kitabu kimoja tu cha historia ya Ulaya, kinene, kinanuka popo, na Mwalimu Jilo alikisifu kuliko alivyomsifu mkewe. "Mkitaka kujua kwa nini watu huwachoka watawala wao, someni hiki," alisema. Haya, darasa zima tungekisomaje? Akachukua wembe akakikata mafungu kama nyama ya harusi, akashona kila fungu kwa uzi wa nyavu, akatugawia. Kila Ijumaa mmoja wetu alisimama mbele akasimulia fungu lake, ndipo wa fungu la pili apokee Ijumaa ifuatayo.

Fungu langu lilinichanganya tangu mwanzo. Wanawake wa Kifaransa walikuwa wameandamana kwa hasira wakitaka mkate. Mkate! Sisi wa wali wa mpunga wa mtoni na kambare wa kuchoma, mkate tuliuona Krismasi. Halafu kila ramani niliyofunua, mpaka ulikuwa umesogea. Sikumwuliza mtu, nilijijibu mwenyewe kwamba mito yao ni mikorofi kama Tana, ikihama, vijiji navyo huhama. Lakini mwishoni mambo yakanoga. Mfalme alikuwa amevaa nguo za mtumishi, amepanda gari la farasi pamoja na mkewe na watoto, anatoroka kuelekea mpakani. Hapo hapo ndipo wembe ulipopita.

Fungu lililofuata alikuwa nalo Barisa, rafiki yangu wa dawati moja, Muorma wa jamii ya wafugaji, sisi tukiwa wakulima. Mama yake alituletea maziwa ndani ya kibuyu, mama yangu akakirudisha kibuyu pamoja na ndizi, maana chombo hakirudi kitupu. Tulicheza mpira wa matambara mpaka magoti yakachubuka. Nikambembeleza anidokezee tu kama mfalme alikamatwa. Akacheka. "Ngoja Ijumaa."

Ijumaa hiyo Barisa hakuja shuleni. Kiangazi kilikuwa kimekaza, ng'ombe wakaingia kwenye mahindi ya mtu, yakaanza maneno, kisha fimbo. Barisa akaachishwa masomo akachunge. Baba akaniita. "Nisikuone ukisema na mtu wa upande ule. Nisikuone!" Jana maziwa yao yalikuwa kwenye chai yetu, leo wamekuwa adui. Nani ameamua, na lini? Nilimwuliza mama, akasema, "Vita vya panzi, furaha ya kunguru," akaendelea kupepeta mpunga wake. Sikuelewa, na niliumia sana.

Lakini malka haikuzibwa. Malka ni ile njia inayoachwa katikati ya mashamba ili ng'ombe wafike mtoni, na watu wagombane vipi, mifugo lazima inywe. Nikajipa kazi ya kuteka maji, kazi ya dada zangu, wakabaki vinywa wazi. Alasiri Barisa akateremka na ng'ombe wake. Wazee wa pande zote mbili walikuwa wamesimama wakitutolea macho. Hakunitazama hata kidogo. Akamgeukia fahali wake mweusi, akaanza kumsemesha kwa sauti kubwa, tena kwa Kiswahili.

"Wewe Guracha, sikia! Ile mfalme imefika mtoni. Imeshikwa na kiu!"

Fahali akaendelea kunywa. Mimi nikakaribia kuangusha mtungi.

Akamweleza Guracha kwamba mfalme alishuka garini, akainama, akanywa yeye kwanza, na farasi wanamwangalia. Ng'amboni palikuwa na mzee mmoja. Yule mzee akashangaa, mtumishi gani huyu anayekunywa kabla ya wanyama? Akapiga kelele, "Hii si mtumishi! Hii ni mfalme!" Wakamkamata pale pale.

Kila alasiri Guracha alipewa Ulaya kidogo. Mimi nami niliugombeza mtungi wangu. "Wewe mtungi, mbona hujai? Na mkewe mfalme je?" Baba akamwuliza mama kama mtoto ana malaria. Tuliendelea hivyo hadi mvua iliponyesha, wazee wakapatana, na akina Barisa wakahama na mifugo. Shuleni hakurudi tena.

Sasa Rehema, binti wa dada yangu, yuko chuoni. Aliniuliza, "Mjomba, historia ya Ulaya nianze na kitabu gani?" Jina la kile chetu sikulijua, maana jalada lilikuwa limeliwa na mchwa, lakini mfalme na farasi wake nilimsimulia vizuri. Naye akamwandika katika kazi yake. Juzi akanipigia simu karibu alie. Mwalimu wake anataka kujua habari hiyo imetoka kitabu gani, la sivyo kazi yote itakataliwa. "Nimetafuta kwenye simu, Mjomba. Vitabu vinavyopendekezwa ni vingi, na mfalme anakamatwa kweli, lakini maji hayamo popote!"

Nikaenda Garsen, soko la mifugo, ambako Barisa ni mchuuzi wa ng'ombe, ndevu zote nyeupe. Hata salamu hazijaisha nikamwuliza kile kitabu kilikuwa kinaitwaje.

"Kitabu gani, ndugu yangu? Ile karatasi ndama ilikula. Mimi hata sijasoma."

"Na mfalme aliyekunywa maji?"

"Nilitunga. Kila siku natunga kidogo."

"Barisa! Kwa nini hukuniambia?"

Akanitazama kama mimi ndiye ndama. "Ningekuambia, kesho ungekuja malka kufanya nini?"

Nilimpigia Rehema nikamwambia amfute mfalme wangu, naye akamfuta, hata dakika haikuisha. Watoto hawa wana Ulaya nzima mfukoni, haina mahali ilipokatwa, na wanaisoma kila mtu peke yake kitandani. Nafurahi kwa ajili yao. Au nawahurumia, sijui, mpaka sasa nimechanganyikiwa.

Jua lilikuwa kali, koo limenikauka, nikamwambia Barisa twende tukanywe chai. Akanionyesha ng'ombe wake, waliokuwa wamefika muda huo kutoka mbali na bado hawajanyweshwa. Basi tukasimama pamoja na kiu yetu mpaka yule wa mwisho alipoinua kichwa kutoka majini.