Bibi Harusi wa Mara Thelathini na Moja

Wenruo alikwishaolewa mara thelathini na moja, zote mbele ya kamera. Katika zile tamthilia fupi za kutazamwa kwenye simu zinazorekodiwa Hengdian, mji wa sinema huko China, aliolewa na matajiri, majenerali, hata mfalme mmoja mwenye mafua. Mume wake wa mwisho, yule mwenye nyusi za kupendeza, alimlilia mvuani vipindi sitini. Mwongozaji akishasema basi, bwana huyo anarudi kwenye simu yake, wala jina halisi la Wenruo halijui.

Lakini mama yake Wenruo, kule nyumbani kwao Nanxun, alimpenda huyohuyo. Majirani wote walionyeshwa picha yake: "Mkwe wangu huyu, subirini tu."

Siku ya pili ya mwaka mpya wa Kichina, Wenruo akamleta mwanamume wake wa kweli. Aliitwa Geng, fundi taa wa tamthilia hizohizo, mtu wa jimbo la mbali la Henan, kipara kimeanza kumnyemelea, maneno anayatoa kwa shida. Walikuwa wamependana kimyakimya miaka miwili. Wenruo alijaa hofu, maana mama alimlea peke yake, na kama angesema hapana, Wenruo asingekuwa na ubavu wa kumpinga.

Mama alimpima Geng kuanzia viatu. "Wewe ndiye?"

"Ndiye mimi, mama."

"Hebu mwambie binti yangu neno tamu, nami nisikie."

Geng akakuna shingo. "Maneno hayo siyajui, mama. Wale waigizaji wanaandikiwa."

Wenruo akafumba macho. Aliona mambo yameharibika.

"Na yule mwingine akimbusu, we unakuwa wapi?"

"Nimeshika taa."

"Huoni wivu?"

"Naona, tena sana. Lakini mkono ukitikisika, kivuli kinamwangukia usoni, watu watasema kachoka. Basi nautuliza."

Mama aliinuka, akaingia jikoni na kufunga mlango. Kwao Nanxun mgeni yeyote hupewa chai, ila mayai katika maji ya sukari hupewa mkwe aliyekubaliwa. Wenruo alitega sikio, roho mkononi. Yai likagongwa kwenye ukingo wa bakuli. Likafuata la pili, la tatu, la nne. Alishusha pumzi ndefu, machozi yakimtiririka.

"Kuna nini?" Geng aliuliza. Kwao Henan hawana habari hizo.

"We kula tu ukiletewa."

Mama akatoka na bakuli, akamwekea Geng mbele kwa mikono miwili.

"Na yule wa nyusi, mama?" Wenruo akamchokoza, huku akijifuta machozi.

"Akija," mama alisema, "nitampa chai."