Nguo ya Hooyo Katika Sinema

Mume wangu alikuwa fundi cherehani hapa Garissa. Homa ilipomwua, aliniachia cherehani yake na watoto wawili wa kike. Ndugu zake walitaka kuiuza. Nikakataa, nikaanza kushona mwenyewe barazani, vikoi vya wachunga ngamia na kanzu za Idi. Watu wakasema mwanamke huyu hana haya.

Ndipo wakaja Wazungu wa sinema, wakapiga mahema kando ya Tana. Miongoni mwao alikuwako memsahib mmoja ambaye kazi yake ilikuwa nguo tu: yeye ndiye aliyeamua kila mtu kwenye picha avae nini. Sikujua kama kuna kazi ya namna hiyo. Alikuwa akitafuta mshonaji, na askari akamleta kwangu.

Niliipenda kazi ile, wacha niseme. Memsahib alinionyesha kwamba shati la mtu atakayepigwa risasi hushonwa zaidi ya moja, yote sawasawa: moja safi, moja la vumbi, moja la damu. Alinionyesha kuchakaza kitambaa kipya kwa kukisugua na jiwe na kukichovya kwenye chai ya rangi. Baada ya muda nilikuwa nachora nguo mwenyewe kwa mkaa kwenye karatasi za sukari, naye anaziangalia na kusema, "Hii. Shona hii."

Siku moja akaniuliza bibi harusi wa kwetu huvaa nini. Nikamweleza: kitambaa kirefu, hakishonwi, hufungwa begani na kuzungushwa kiunoni. Akataka kuona cha kweli.

Mama yangu, hooyo, alikuwa nacho. Kilifumwa Mogadishu, na baba alimletea kwa msafara wa ngamia alipomwoa. Nilimwomba.

"Watakirudisha?" akauliza.

"Memsahib ameapa, hooyo."

Alikifungua polepole. Akasema atakuja mwenyewe kutazama, maana hakuwahi kuona nguo yake ikivaliwa na mtu mwingine.

Mwigizaji alikuwa msichana wa Kizungu aliyepakwa rangi ya kahawia usoni na mikononi. Nilimfunga nguo vizuri, begani ikakaa kama inavyotakiwa. Hooyo alikuwa ameketi mchangani, mbali kidogo, akitabasamu.

Bwana mkubwa wa picha akaja, akamzunguka yule msichana. "Amekuwa kama malkia," akasema. "Mimi nataka mtu wa porini."

Nikamgeukia memsahib. Alijua nguo ni ya nani. Nilikuwa nimemwambia ni ya mama yangu, na nikamwonyesha mwenye nguo pale alipoketi. Hakunitazama. Alichukua mkasi wangu, akakata kitambaa kuanzia magotini kwenda chini, akakichana pindo kwa mikono. Kisha akaomba matope.

Hooyo aliinuka. Kamera ilikuwa imekwisha kuanza kuzunguka. Akatembea moja kwa moja mpaka kwa bibi harusi wa uongo, akalishika fundo la begani na kuanza kulifungua, akisema kwa Kisomali, "Rudisha. Rudisha nguo yangu." Msichana akapiga kelele. Askari wakamvuta hooyo, shela yake ikaanguka, kichwa chake kikabaki wazi mbele ya wanaume. Bwana mkubwa alikuwa akicheka, na kwa mkono akimwashiria mpiga picha asizime.

Walipofunga mahema, memsahib aliniuliza kama nitamfuata Nairobi. Kazi ya sinema ilikuwa nyingi huko. Kutoka wilaya yetu kulihitaji kibali cha DC, naye akakipata. Nilimwacha hooyo na binti zangu, nikaenda. Nani mwingine angewalisha?

Nilikuwa Nairobi picha ile ilipoonyeshwa. Nilikaa viti vya mbele kabisa, vya watu kama sisi, shingo imeinuka. Mashati yangu yalipita, kanzu zangu zikapita. Halafu akatokea hooyo, mkubwa kama nyumba, kichwa wazi, mdomo wazi, mikono ikinyakua. Walimfanya ajuza mwenye wivu aliyeharibu harusi. Ukumbi mzima ukacheka. Hata waliokaa karibu nami walicheka.

Niliporudi nyumbani kuwaona watoto, hooyo aliniuliza, "Eti nilionekana?"

"Ulionekana."

"Watu walisema nini?"

Nilishindwa kumdanganya. "Walicheka, hooyo."

Kisha akasema, "Na wewe bado unawashonea?"

Nilimjibu kwa kumwonyesha unga niliokuja nao, na magauni ya wajukuu wake. Akageuza uso.

Niliwashonea miaka mingine mingi. Nilivalisha majambazi, masultani, maaskari, na Wasomali wasiofanana na Msomali yeyote niliyemjua. Mwishoni mwa kila picha jina la memsahib lilipanda peke yake kwenye kitambaa cheupe cha sinema, na mwishowe akaenda kwao nalo.

Mimi nilirudi Garissa, nikaweka cherehani barazani. Hooyo alipita hapo kila wiki, kitambaa kipya kimekunjwa kwapani, akienda kushonewa na fundi wa Kiarabu upande wa pili wa barabara. Alinisalimu vizuri, "Assalamu alaykum," kama anavyosalimiwa jirani. Mpaka anakufa hakuvaa hata uzi uliopita mikononi mwangu.