Rekodi za marehemu mama zilivyofungwa kwa sababu ya browser isiyofanyiwa update

Wakuu, asalaam aleikum, na wengine habari za mchana.

Hili limetokea ndani ya familia yetu hapa Wete, Pemba. Sikuhadithiwa na mtu, nimeliona mwenyewe. Nilichobadilisha ni majina tu.

Marehemu mama yetu alikuwa mzaliwa wa Msuka. Alipoanza kuugua, kaka yangu Khamis alikuwa akikaa naye baada ya alasiri na kumrekodi. Mama alieleza ukoo wetu, nani kazaliwa na nani, harusi yake ilikuwaje, maisha ya shamba. Rekodi zote Khamis aliziweka kwenye laptop yake, bila nakala kwingine.

Mama akafariki. Dada yetu Zuwena anaishi Maskati, hakuwahi maziko. Tukamwambia akija likizo atazisikiliza zote, kwa sababu kumtumia mtandaoni ilikuwa shida. Mafaili makubwa, bando dogo.

Bando hilohilo ndilo lililomfanya Khamis aache kufanya update. Browser, ile programu ya kufungulia tovuti, ikimkumbusha, anabonyeza "baadaye". Kurasa zilikuwa zinafunguka, kwa hiyo hakuona tatizo.

Siku moja, tumetoka sala ya Ijumaa, akafungua tovuti ya matokeo ya mpira, ileile anayoingia kila wiki. Hakudownload kitu. Hakubonyeza tangazo.

Laptop ikawa nzito, feni inavuma. Baadaye akataka kusikiliza rekodi moja, ikagoma. Mafaili yote yamebadilika majina, na kwenye kioo kuna maandishi ya Kiingereza yanamtaka alipe ndipo afunguliwe.

Tukaenda kwa fundi wa kompyuta hapa mjini, Bi Asha. Aliikagua, akatueleza taratibu.

Ile tovuti ya mpira ilikuwa imeingiliwa na wezi, wakatega humo programu ya kufunga mafaili ya anayeifungua. Browser ya Khamis ilikuwa na tundu ambalo watengenezaji walishaliziba kitambo, lakini kiraka chenyewe kinakuja na update. Na kiraka kikishatoka, wezi nao wanakichunguza, wanajua tundu lilikuwa wapi, kisha wanawawinda wale ambao hawajaziba.

Hapo nilishtuka. Mie nilidhani update ni mapambo, vitufe kuhamishwa kutoka kulia kwenda kushoto.

Khamis akauliza, tukilipa zitarudi? Bi Asha akasema hawezi kumpa uhakika, wapo waliolipa na wasipate kitu. Akajaribu njia anazozijua, ikashindikana. Hatukulipa.

Kazi ikabaki kumwambia Zuwena. Nilitaka nipige mimi, Khamis akakataa, akasema ni jukumu lake. Akamweleza yote bila kujitetea. Dada alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Kaka, si ulikuwapo alipokuwa akisema? Basi nambie wewe."

Tangu hapo, kila wakipigiana simu, Khamis humsimulia anachokikumbuka. Mengi anayo. Lakini yapo yaliyomtoka. Kuna bibi yetu mmoja wa upande wa Kisiwa Panza, mama alimtaja kwa jina na kwa jina la baba yake. Khamis hakumbuki hata moja, na tuliowauliza hawajui.

Hilo ndilo linaloniuma zaidi.

Wakuu, browser ikikwambia kuna update, iache ifanye. Ukimaliza, ifunge na uifungue tena, maana wakati mwingine update inakuwa imeshashuka lakini inasubiri hapo tu. Tovuti unayoiamini haitoshi kukulinda, nayo inaweza kuingiliwa bila mwenyewe kujua. Kama mashine yako ni ya zamani na haipokei update tena, usiingie nayo mtandaoni. Na sauti za wazee wako, weka nakala kwenye flash, ichomoe, iweke mbali na kompyuta.

Laptop ipo kabatini, hatujaifuta. Kama kuna aliyewahi kufungua mafaili ya namna hii, naomba aandike hapa alivyofanya, hata kama anaona ni jambo dogo. Khamis anausoma uzi huu.