Kasiksi Iliyoona Haya

Nilipokuwa mtoto kwetu Vulamba, pale Butembo, niliambiwa kwamba kasiksi, pombe yetu ya ndizi, ina haya kuliko watu wengi. Ukiionja kwa siri kabla ya mkubwa wa nyumba, inaona aibu, inalala, haichachi. Chuo kikuu kilinifundisha baadaye kwamba baridi ya Butembo peke yake inatosha kuilaza chachu. Ila wakati ule nilijua mambo mawili tu: wakwe wanaleta mbuzi wa mahari ya dada yangu, na mimi ndiye nimechaguliwa kuwabebea kibuyu cha kwanza. Na pombe ilikuwa imelala.

Koko, bibi yetu, akatuita wote uani, penye mtungi wa pombe uliofunikwa majani ya migomba.

"Kila mutu aweke mukono juu ya majani ya pombe, aseme: hapana miye. Mukono ya mwizi itatoka jasho."

Tante Masika, mdogo wa mwisho wa baba, msichana bado, akatangulia. Aliweka mkono kama padri anayebariki. "Hapana miye." Mkono mkavu, kifua mbele.

Zamu yangu ikafika. Sikuwa nimeonja hata tone. Lakini macho yote yaliponigeukia, masikio yaliwaka, viganja vikalowa.

"Yesu Maria! Ona batoto ya leo!" Tante Masika akapiga makofi. "Kadogo vile, tayari mulevi!"

Watu wakacheka. Kibuyu akapewa yeye.

Nilijificha nyuma ya jiko nikitafuta kosa langu. Hapo ndipo ninaposhangaa mpaka leo. Aibu ilikuwa imekwisha kufika, nami nikahangaika kuitafutia kosa, kama mgeni anayetafutiwa kiti. Nikakumbuka niliinusa. Lakini kunusa si ni kuonja kwa pua? Kufikia jioni nilikuwa nimejihukumu.

Kesho yake povu likapanda. Koko akanipapasa kichwa.

"Kasiksi imekusamehe, mwana yangu."

"Aksanti, Koko." Nilishukuru kwa moyo wote, fikiria! Kibuyu lakini hakikurudi. Tante alikibeba mbele ya wakwe kwa fahari isiyo na doa.

Juzi nilimtembelea Tante mjini Beni, ambako sasa ni bibi wa wajukuu. Alikuwa akimenya mihogo, akaniambia huku anacheka kwamba ni yeye aliyeinywa, tena kopo zima.

"Na haya, Tante? Hukusikia hata kidogo?"

"Haya ya nini? Ilikuwa tamu, mama!"

Nilingoja hasira, haikuja. Nilimtazama tu kwa udadisi, pengine na wivu, kama anayekosa usingizi anavyomtazama anayekoroma. Miaka yote nilidhani aibu ni shahidi wa kosa. Kumbe ni jirani: husikia kelele ikaja mbio, wala haiulizi ni nyumba ya nani.

Leo nafundisha. Kitu kikipotea darasani, wenzangu humkamata mtoto aliyeinamisha uso. Mimi humpa maji, nikamwambia aketi kwanza.