Pua ya Waziri Brunhoux

Kwa miaka ishirini na sita Ghislaine Kerbrat amewatengenezea wakubwa wa Ufaransa pua na videvu vya mpira, na jina lake hupita mwishoni mwa kipindi upesi hata jicho halilidaki. Mimi natengeneza mawigi chumba hichohicho, kwa hiyo nasema ninayoyajua: kipindi chetu cha televisheni, ambamo waigizaji huvaa pua hizo kuwakejeli wanasiasa, kinasimama kwa mikono ya mwanamke huyu. Waigizaji wakinuna, wanune.

Mwezi wa Machi aliteuliwa waziri mpya wa kilimo, Brunhoux, mtu ambaye pua yake hutangulia kuingia mlangoni. Ghislaine alizitazama picha zake siku tatu, akamtengenezea pua iliyonichekesha mpaka nikakaa sakafuni. Bosi wetu mpya, Thibaut, hakucheka. Mwoga yule!

"Ipunguze, mama. Huyu waziri, atatushtaki."

"Pua ni yake. Mimi nimeongeza nusu kidole tu."

"Ipunguze, au namleta mwingine."

"Mlete. Jina langu lifute, na mimi sirudi."

Akamleta kweli. Jumapili ikarushwa hewani pua ndogo ya adabu, jina la Ghislaine halikupita, na mimi nilitamani kuipiga televisheni teke.

Jumanne Ghislaine alikuja kuchukua brashi zake, anazozitunza katika kopo la biskuti za kwao Bretani. Alikuwa anafunga kopo Waziri Brunhoux alipoingia, mwenyewe. Thibaut alipauka.

"Bwana Waziri, kama tumekuudhi, samahani sana..."

"Mmeniudhi, tena sana! Aliyenitangulia mlimpa masikio kama sahani. Mimi mnanionea huruma kwa pua ndogo ile? Bungeni wananiuliza kama bado nina kazi!"

Ghislaine akafungua kopo, akatoa ile pua ya kwanza aliyokuwa ameiweka humo pamoja na brashi. Waziri akaigusa ya kwake.

"Ndefu hivyo?"

"Hebu geuka upande, Bwana Waziri."

Akageuka, mtiifu. Ghislaine akampima kwa kidole gumba, taratibu.

"Kweli nilikosea," alisema. "Inataka kuongezwa."

Jumapili iliyofuata Ufaransa ilicheka. Mwishoni majina yakaanza kupita upesi kama kawaida, na lilipofika la Ghislaine Kerbrat, sisi wote wa vyumba vya nyuma tulilisoma kwa sauti.