Shamba la Watu Wasiosameheana

Habari ya kifo chake ilinifikia hapa Songo asubuhi ya soko, ikiletwa na mwanamke anayeuza sombe, yale majani ya mihogo, ambaye hushuka na lori kutoka upande wa Katogota. Alitua mzigo wake, akajifuta jasho, akaniambia: "Mwalimu, yule muzee wa mufereji ametutoka. Tulimuzika jana." Nikamuuliza kama aliugua sana. "Hapana. Alilala, hakuamuka." Wasomaji wangu wa siku zote mnajua kwamba ukurasa huu hausifii kila anayekufa, na marehemu huyu mwenyewe asingetaka sifa. Wapo wazee katika uwanda wa Ruzizi ambao, wakisikia habari hii, watatema mate pembeni. Nawaelewa. Lakini nilimfahamu tangu ujana wangu, na mambo niliyoyaona kwake hayajaniacha nitulie.

Kabla ya uhuru alikuwa kapita wa pamba. Vijana wa leo huenda hawajui maana yake. Katika uwanda ule kila mwanamume alilazimishwa kulima pamba, atake asitake, na kapita ndiye aliyezunguka mashambani kukagua. Aliyekutwa na magugu aliitwa mbele ya watu, akalazwa kifudifudi, akachapwa fimbo. Mzungu alitoa amri. Mtu wetu ndiye aliyetaja majina. Marehemu alitaja majina kwa miaka mingi, na alikuwa na sauti kubwa. Uhuru ulipofika watu waling'oa pamba kwa furaha, wakaichoma, wakaimba. Kapita akakimbilia kwa wakwe zake milimani.

Mimi nilifika kijijini kwake muda mfupi baadaye, mwalimu mpya wa shule ya misioni, nikakuta furaha imeanza kuchacha. Mfereji ulioleta maji kutoka mtoni ulikuwa umejaa matope, kwa sababu hakuna aliyetaka tena kusikia habari ya kazi ya pamoja. Ukitamka neno hilo, watu walisikia fimbo. Kila nyumba ilichimba kijito chake, wa juu wakawazibia wa chini, na nilishuhudia ndugu wawili wa tumbo moja wakishikana mapanga kwa sababu ya maji ya maharagwe. Mwaka ule watoto walikuja darasani na njaa, wakasinzia juu ya meza.

Ndipo kapita akarudi. Hakuomba radhi, wala hakuitisha mkutano. Aliingia mferejini na jembe akaanza kuzoa matope peke yake, siku baada ya siku, huku watu wakipita na kumcheka: "Pole na kazi, kapita! Leo fimbo iko wapi?" Aliendelea kuzoa. Maji yalipoanza kusogea, wanawake wachache walimwendea. Aliyewatangulia alikuwa mama mmoja mrefu, mkavu wa maneno, ambaye mumewe aliwahi kuchapwa mbele ya watoto wao kwa sababu ya kapita huyu huyu. Nilikuwa nimesimama jirani, nikamsikia akisema: "Tutalima na weye. Lakini weye hautaita muntu tena. Sisi njo tutakuita." Kapita akaegemea jembe lake, akasema, "Sawa, mama. Muniite."

Hivyo likaanza shamba lile kando ya mfereji. Kila nyumba ilikuwa na matuta yake ya maharagwe, mihogo na mchicha tunaouita lengalenga, ila mfereji ulikuwa wa wote, na siku ya kuusafisha wanawake walipiga chuma cha gurudumu bovu, naye kapita akaja kama wengine. Msidhani palikuwa na upendo. Mume wa yule mama alilima tuta linalopakana na la kapita, na sikuwaona hata siku moja wakisalimiana. Lakini maji yalifika kwa wote, na darasani kwangu watoto waliacha kusinzia.

Kisha uasi ukapanda kutoka kusini na kuenea uwandani. Waasi walipoingia kijijini walitukusanya sote kwenye uwanja wa shule, na kazi yao ya kwanza ilikuwa kuwatafuta waliowatumikia wazungu. Kapita aliletwa mbele amefungwa mikono. Komanda wao, kijana mwenye macho mekundu, akauliza: "Nani iko na mashitaka juu ya huyu?" Yule mama akasimama.

"Minye iko nayo," akasema. "Huyu alipigisha bwana yangu fimbo mbele ya batoto betu. Sijamusamehe. Na leo pia simusamehe."

Komanda akampa ishara mpiganaji wake. "Basi, imekwisha."

"Haiyaisha, mukubwa. Ungoje nimalize. Sisi benye tulipigwa, tulishamuhukumu. Tulisema alime na sisi, na tukimuita anakuya. Ile njo hukumu yetu. Mukimuua, munatunyang'anya muntu wetu na hukumu yetu."

Nilidhani watampiga risasi yule mama kwanza. Komanda alimtazama, akawatazama na wanakijiji waliokuwa nyuma yake. Mmoja akasema, "Mama anasema kweli." Mwingine akaitikia. Halafu mume wake, mwenye mgongo uliochapwa, akasema kwa sauti ndogo: "Mumuache." Komanda akacheka kicheko kisicho na furaha, akaamuru kamba ikatwe. "Akikimbia, nitarudi kwako weye, mama." Mama akajibu: "Atakimbilia wapi? Maharagi yake iko inachanua."

Natamani ningeweza kuishia hapo. Waasi walikaa, wakala kutoka shamba lile bila kuuliza, na serikali iliporudi na askari wake, wote waliolima pale walihesabiwa kuwa waliwalisha waasi. Askari walimchukua yule mama, wakampeleka kambini upande wa Kamanyola. Kapita alimfuata kwa miguu. Alisimama langoni akasema chakula kilichukuliwa kwa nguvu, na kama kuna mkubwa wa shamba ni yeye, wamkamate yeye. Walimpiga kwa kitako cha bunduki wakamfukuza. Alirudi siku ya pili, wakampiga tena. Mama yule hakuonekana tena, na hadi leo hakuna kaburi lake. Baadaye kapita aliniambia: "Yeye alisema, wakamusikia. Minye nilisema, hawakunisikia."

Watu wengi walikimbia, shamba likaota matete. Waliokuwa wamekimbilia Burundi waliporudi, kapita na mume wa yule mama walikuwa tayari mferejini, kila mmoja upande wake, wakizoa matope bila kuzungumza. Wengine wakaongezeka. Watoto wa mama yule walikua kwa mavuno ya pale. Baba yao alifariki miaka mingi kabla ya kapita, na hawakuwahi kula sahani moja.

Nimeishi nikaona kazi ya pamoja ikitumiwa vibaya na kila aliyetutawala. Baada ya pamba ilikuja salongo, kazi ya umma ya lazima, tukafagia barabara kwa kuogopa faini. Zikaja baadaye bustani zenye mabango ya wafadhili, zikafa siku gari lililozileta lilipoondoka. Methali ya kwamba kidole kimoja hakivunji chawa imesemwa sana na watu wasiotia kidole chao. Ndiyo maana simlaumu mkulima wa uwandani anapotuona tunahubiri ushirikiano, naye akarudi kwenye shamba lake. Wala sitawadanganya kwamba bustani huzuia vita. Ile haikuzuia chochote. Iliokoa mtu mmoja siku moja, ikashindwa kumwokoa aliyemwokoa.

Sasa, muuza sombe ananiambia, wapo wanaotaka shamba ligawanywe. Vita vilivyofuata vimeacha majina mengine ya kuogopana: hawa ni wa kabila hili, wale walikuwa na kundi lile. Vijana wanasema hawawezi kusafisha mfereji pamoja na watu ambao baba zao walifanya hivi na vile. Kwanza, wanasema, tupatane. Maumivu yao ni ya kweli, na anayewaambia wasahau hajui anachosema. Lakini nawaomba waangalie mfereji wenyewe, kwa kuwa mvua zimekaribia na matope yamefika kiunoni. Msamaha ni jambo la moyo, na moyo hauamrishwi. Wengine hufa bila kuufikia. Maji ni jambo la leo. Anayengoja moyo utulie ndipo ashike jembe atakuta msimu umepita, na watoto wa pande zote mbili wana njaa moja.