Ardhi Ilipodai Kizazi

Mwaka wa 2012 nilikuwa mtoto wa darasa la tatu katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma, Kenya, na nyanya yetu, tuliyemwita Koko, alikuwa na onyo alilolirudia kila mwanamke alipojifungua. Mzazi akibeba maji kabla kitovu cha mtoto hakijapona, alisema, ardhi humdai kizazi chake. Tulikuja na onyo hilo kutoka Kongo, na hakuna aliyelihoji.

Mama mdogo Furaha alijifungua wakati Koko amelazwa na malaria. Mtungi wa lita ishirini ulinishinda, na bomba lilikuwa karibu kufungwa. Furaha akaniachia kichanga, akaenda mwenyewe.

Aliporudi alitua mtungi mlangoni, akainama. Kisha akaniita chooni. Hakuwa na kioo wala mtu mzima wa kumuuliza.

"Angalia. Niambie ni nini."

Nikaona nyama nyekundu, laini, ikichungulia kutoka uchi wake. Sikujua kwamba mwili wa mtu unaweza kutoka nje hivyo.

"Usimwambie Koko," akaninong'oneza.

Koko aliporudi kutoka hospitali, alijua kwa kumtazama anavyotembea. Hakumgombeza. Alikaa tu akiukodolea macho ukuta. Furaha aliacha kwenda kanisani, akajifunga kitambaa kuizuia ile nyama, akangoja kufa. Mwishowe jirani yetu Mturkana, mama Akiru, alimshika mkono akampeleka kliniki. Nilibeba mtoto. Koko akatufuata na fimbo yake.

Mkunga alimpima. "Dada, hujalaaniwa. Misuli inayoshikilia kizazi ililegea ulipozaa, na mzigo ukakisukuma chini. Nitakuwekea ndani pete ya mpira ya kukizuia, na nitakufundisha kukaza hiyo misuli, kama mtu anayezuia mkojo. Maji wabebe wengine."

Koko akauliza polepole, "Na kama kimetoka miaka mingi?"

"Cha nani, mama?"

"Changu. Tangu nilipomzaa huyu."

Furaha alimgeukia mama yake. Walikuwa wamelala chumba kimoja maisha yake yote.

Furaha alipona taratibu. Mwaka uliofuata Koko alifanyiwa upasuaji mjini Lodwar, akarudi akilalamikia uji wa hospitali.

Leo nami nimezaa, na bado ule mshtuko haujanitoka. Si wa chooni. Ni wa kliniki. Nadhani Koko hakutaka kututisha. Alikuwa na jambo la kutuambia kuhusu mwili wake, akakosa namna ya kulisema, akaisingizia ardhi.